Mkono Unaotangulia Kamera

Kabla kamera haijatolewa kwenye sanduku lake, kabla mwigizaji hajapakwa poda wala fundi hajapigilia msumari wa kwanza, filamu inakuwa imeshatazamwa na mtu mmoja. Ameitazama peke yake, mezani, penseli mkononi, na alichokiona amekiweka kwenye visanduku vidogo vilivyopangwa mstari kwa mstari juu ya karatasi. Huyo ndiye mchora storibodi. Filamu ikikamilika karatasi zake hutupwa au hufungiwa kabatini, na watazamaji wakishangilia humshangilia mwigizaji, kisha mwongozaji, na wakijitahidi sana humkumbuka mpiga picha. Nataka kuitazama kazi yake bila haraka, maana ni kazi ninayoiheshimu kuliko karibu zote zinazofanywa katika filamu. Nitaitazamia hapa Ufipa, ambako filamu ni chache bado, lakini visa vya kutengenezea filamu vimejaa.

Muswada ukisema "wageni wanaingia kijijini", mwandishi amemaliza. Mchoraji ndiyo kwanza anaanza. Wanaingia kutokea upande gani? Tunawaona wakiwa nukta tatu kwenye upeo wa macho, au tunaanza na nyayo zao vumbini? Nani anawaona kabla yetu: mtoto, mbwa, au mwanamke anayepepeta ulezi? Kamera inawangoja mlangoni au inatembea nao bega kwa bega? Mtazamaji akiwekwa mlangoni anakuwa mwenyeji; akitembezwa nao anakuwa mgeni. Maneno matatu tu, na tayari yamebeba filamu mbili zisizofanana.

Maneno hayo sikuyaokota hewani. Ndiyo kiini cha kisa kikubwa kuliko vyote vya nchi hii, kisa cha Milansi. Wafipa husimulia kwamba mtawala wa kwanza, Ntatakwa, alikaa Milansi, chini ya mlima Itweelele. Siku moja akatoka kwenda kuwinda. Akiwa huko porini wakafika wanawake watatu wageni, na mkubwa wao akakalia kigoda cha utawala. Katika baadhi ya masimulizi mke wa Ntatakwa alikuwa ameonywa asimpe mgeni yeyote kigoda hicho, ila hofu ikamshinda, akakitoa. Ntatakwa aliporudi, nchi ilikuwa imekwisha kumtoka mikononi. Kwa wale wanawake ndiko ulikoanzia ukoo wa Watwa, uliotawala Ufipa hata baadaye zikawapo falme mbili, Nkansi na Lyangalile. Ntatakwa akabaki na Milansi yake na heshima katika mambo ya ibada. Roy Willis, mwanaanthropolojia wa Uingereza aliyefanya utafiti Ufipa mwanzoni mwa miaka ya 1960, alikichambua kisa hiki kwa kirefu katika kitabu chake cha mwaka 1981, A State in the Making. Miaka mitatu kabla yake alikuwa ametoa kitabu kingine kizima juu ya sanaa ya masimulizi ya Wafipa.

Kisa hiki ni mtihani mzuri kwa mchora storibodi kwa sababu hakina vita. Hakuna mkuki unaorushwa, hakuna nyumba inayochomwa. Nchi nzima inatwaliwa kwa mtu kuketi. Mchoraji asiyejiamini akipewa kisa cha namna hiyo ataongeza moto na mayowe. Aliyeiva atashughulika na kigoda.

Ataanza na uelekeo. Ntatakwa anatoka nyumbani akienda upande wa kushoto wa picha, na chini ya kisanduku mchoraji anaweka mshale mdogo kuonyesha hivyo. Basi wageni watokee kulia. Pengine hakuna mtazamaji atakayelitaja jambo hilo, lakini atahisi kwamba mwenye nyumba ameipa mgongo hatari inayokuja. Siku ya kurudi atarudi kutokea kushoto, na mwanamke aliyeketi atakuwa ameelekeza uso huko huko, kwa hiyo wawili hao watakuwa wamekabiliana kabla neno halijatamkwa. Bibi anayesimulia kisa hiki jikoni hufanya vivyo hivyo bila karatasi. Huonyesha kwa kidevu wageni walikotokea, na tangu hapo hata mwisho wa hadithi hawahami upande.

Kuna kanuni nyuma ya jambo hili, na wachoraji huishika sana. Kati ya watu wawili wanaotazamana pana mstari usioonekana. Kamera ikichagua upande mmoja wa mstari huo, ibaki huko. Ikiruka ng'ambo, kushoto kunakuwa kulia, na mke wa Ntatakwa aliyekuwa akimtazama mgeni usoni ataonekana amegeukia kwingine kabisa. Ndiyo maana pembeni ya visanduku mchoraji huweka ramani ndogo, vile ndege angepaona mahali pale: duara kwa kila mtu, pembetatu kwa kamera, mlango, kigoda. Ramani hizo hazina uzuri wowote wa kuonyesha wageni, nami huzipenda kuliko michoro yenyewe. Humo ndimo unamwona mtu akifikiri.

Kisha kigoda. Kitu kitakachoamua kisa lazima kionekane kabla hakijapata kazi. Kwa hiyo mchoraji anarudi nyuma mpaka kisanduku cha kwanza kabisa, Ntatakwa bado yuko nyumbani anakusanya mikuki yake, na kwenye kona ya chini anakichora kigoda kidogo, bila kukitilia mkazo. Visanduku kadhaa baadaye kiko tena, safari hii kimekaa dhidi ya mwanga wa mlango. Kikija kutolewa mtazamaji anakifahamu tayari, na hofu ya yule mke inakuwa yake pia. Hapo mchoraji anasogea karibu: mikono tu, vidole vilivyoshika ukingo wa kigoda, na nyuma yake miguu ya wageni ikionekana kwa ukungu.

Halafu linakuja tatizo gumu. Mtawala mpya ameketi na wengine wote wamesimama, na kwa jicho la kawaida aliyeketi ndiye mdogo. Afanyeje ili aliye chini awe juu ya wote? Anajaribu picha ya kutokea juu, anaifuta; mgeni anaonekana kama mfungwa. Anajaribu ya mbali, anaifuta pia. Mgeni anapotea kati ya nguzo na vyungu. Mwishowe anaishusha kamera mpaka usawa wa kigoda. Sasa uso wa mwanamke umejaa katikati ya picha, na waliosimama wamekatwa na ukingo wa juu, wamebaki viuno na mikono isiyo na la kufanya. Nyuso hawana tena. Utawala umehama, na kilichouhamisha ni kimo cha kamera kutoka ardhini. Suluhisho la namna hii linanifurahisha kila mara, kwa sababu haligharimu chochote. Halidai mwigizaji maarufu wala taa za kukodi.

Kurudi kwa Ntatakwa kungeweza kuchorwa kwa njia nyingi. Mwongozaji mmoja atataka uso wake kwa karibu sana, jasho na macho. Mimi ningependa picha moja pana isiyokatwa: yeye ukingoni kushoto, kigoda katikati, mke wake nusu yuko ndani nusu nje ya kivuli. Chini ya kisanduku mchoraji ataandika idadi ya sekunde. Akiandika 3, ni habari tu. Akiandika 12, watazamaji wataanza kukohoa na kujisogeza vitini, na huko kutotulia kwao ndiko mwongozaji alikokuwa akikutafuta. Mchoraji mwenye adabu ya kazi huchora zote mbili, ya karibu na ya mbali, akaziweka mezani akanyamaza. Si filamu yake. Atatetea picha anayoiamini mara moja, kwa hoja, na ikikataliwa ataichora iliyochaguliwa kwa bidii ile ile. Unyenyekevu wa aina hii ni mgumu kwa mtu mwenye kipaji, na wengi wenye mikono mizuri kuliko wengine wameikimbia kazi hii kwa sababu hiyo.

Mikono mizuri yenyewe si sharti la kwanza. Michoro ya mwanzo huwa midogo kama stempu ya barua, watu wakiwa mifupa ya mistari, na huchorwa haraka ili isimuume mchoraji kuitupa. Ikishakubalika ndipo hukuzwa na kusafishwa, ikaongezwa kivuli na mishale: mshale wa mtu anakokwenda, mshale wa kamera inakogeukia, kisanduku ndani ya kisanduku pale lenzi inapovuta karibu. Anayetakiwa zaidi ni mtu anayejua mwili wa binadamu unavyojipinda ukiinua debe la maji, na anayeweza kuchora chumba kimoja kutoka kona nne bila mlango kuhama. Kisha awe na subira ya kuchora tena jambo alilolichora jana.

Mashabiki wa filamu hawaoni mara nyingi kwamba karatasi hizi ni hesabu pia. Tuseme kikosi kinatoka Dar es Salaam kuja kupiga kisa cha Milansi. Ni safari ya zaidi ya kilomita 1,000, kupitia Mbeya na Tunduma, na kila siku ya ziada watu wanakula, wanalala, jenereta inakunywa mafuta. Storibodi inasema kamera haitatazama kaskazini hata mara moja. Basi upande wa kaskazini usijengwe, na nguzo za umeme zilizoko huko zibaki zilipo. Mchoraji aliyekuja kuitembelea nchi kabla ya kuchora atakuwa ameona pia mambo yasiyokuwapo enzi za Ntatakwa: mapaa ya bati yanayometa, na mikaratusi, ambayo asili yake ni Australia na leo imesimama kwenye vilima vingi vya huku. Hata mahindi asili yake ni Amerika, kwa hiyo shamba la nyuma ya nyumba afadhali liwe la ulezi. Kama ana jicho atayaona na matuta ya mviringo ya ntumba, yale ambayo Wafipa huyatengeneza kwa kuifukia nyasi ioze iwe mbolea, na atajua kwamba jua likiwa chini kila tuta hutupa kivuli chake, mteremko mzima ukajaa madoa. Hiyo ni picha ya kufungulia filamu, na inapatikana saa za jua la chini tu.

Na jua la Sumbawanga, hapa Ufipa, lina saa zake. Mji huu uko magharibi sana ya Dar es Salaam ingawa tunatumia saa moja ya taifa, kwa hiyo hapa jua hufika utosini karibu nusu saa baadaye, inapokaribia saa saba mchana. Mpiga picha aliyezoea pwani akipanga ratiba kwa mazoea atakuta alfajiri yake bado giza na mchana wake mkali unaendelea. Tuko kwenye mwinuko wa karibu mita 1,800, na mvua hunyesha Novemba hadi Aprili. Miezi ya kiangazi anga ni safi, upepo haukosekani, na asubuhi za Juni baridi huuma. Mchora storibodi huandika haya pembeni ya visanduku kwa maneno mawili matatu: jioni, jua nyuma yake, vumbi. Kwa maneno hayo meneja wa uzalishaji anapanga siku.

Filamu nyingi za Bongo zimetengenezwa kwa siku chache na fedha kidogo, mwongozaji akiwa amebeba picha zote kichwani. Sipuuzi uwezo huo. Lakini kichwa hakiwezi kugawiwa watu kumi na watano asubuhi moja, na karatasi inaweza. Tena aliye maskini ndiye anayeihitaji karatasi zaidi. Satyajit Ray wa India alikuwa mchoraji katika kampuni ya matangazo kabla ya kutengeneza Pather Panchali, filamu iliyotoka mwaka 1955. Hakuwa na muswada kamili. Alikuwa na daftari la michoro, akalizungusha kwa watu wenye fedha awaonyeshe filamu ambayo haikuwapo. Akira Kurosawa wa Japani, ambaye ujanani alisomea uchoraji, alikosa mtaji wa kutengeneza Kagemusha, akakaa kuichora kwa rangi, picha baada ya picha, akiogopa kwamba huenda isingepigwa kamwe. George Lucas na Francis Ford Coppola wakaingilia kati wakaishawishi kampuni ya Marekani kuchangia, na mwaka 1980 filamu ikatoka. Nikizitazama picha zile nashangazwa na jambo moja: hazina wasiwasi. Zimechorwa na mtu aliyekuwa tayari yumo ndani ya filamu yake.

Katika katuni za mwendo hali ni nyingine kabisa. Filamu ya watu inaweza kupigwa bila storibodi, kwa shida; katuni haina pa kuanzia. Utaratibu wenyewe ulikomaa huko huko, katika studio ya Walt Disney mwanzoni mwa miaka ya 1930, ambako Webb Smith hutajwa kuwa ndiye aliyeanza kubandika michoro ukutani kwa mpangilio ili kisa kizima kionekane kwa mtazamo mmoja na kiweze kupangwa upya kwa kuhamisha pini. Leo michoro hiyo huunganishwa na sauti za waigizaji ikawa animatiki, filamu ya vibao visivyotembea, na timu huiangalia mara nyingi kabla ya kutengeneza hata sekunde moja ya mwendo. Katuni ya dakika 11 yaweza kudai visanduku mamia.

Kazi hii ipo kwetu. Ubongo Kids, kipindi kilichoanza kurushwa mwaka 2014 kutoka Dar es Salaam, kimewafundisha watoto hesabu na sayansi kupitia Kibena, Koba, Kiduchu na wenzao wa kijiji cha Kokotoa. Mtoto wa Sumbawanga anayewajua kwa majina hajui kwamba kila mara Kiduchu anapogeuza kichwa, kuna mtu aliamua ageuze upande gani. Nairobi nako, studio ya Homeboyz ilitengeneza Tinga Tinga Tales, vipindi 52 vilivyoanza kuonyeshwa mwaka 2010. Kazi ile naiheshimu kwa sababu ya ugumu wake wa pekee. Mtindo wa uchoraji wa Edward Saidi Tingatinga, ambao vipindi vile viliufuata, ni bapa: mnyama amejaa kwenye ubao, hakuna karibu wala mbali. Mchora storibodi, ambaye silaha yake kubwa ni karibu na mbali, alinyang'anywa silaha hiyo. Ilibidi kisa kitembee kwa rangi, kwa ukubwa wa wanyama, na kwa mwendo wa kwenda upande kwa upande, na kilitembea.

Mtu anaingiaje? Mlango wa asili wa huku kwetu ni vibonzo. Tuna ukoo mrefu: Christian Gregory na Chakubanga wake katika gazeti la Uhuru tangu 1967, Philip Ndunguru na wahusika wa jarida la Sani, na Gado, aliyezaliwa Dar es Salaam, akawa mchora vibonzo mashuhuri Nairobi, na alisomea katuni za mwendo Vancouver, Kanada. Aliyekulia kwenye kurasa zile anajua tayari kukata tukio vipande na kumfanya mhusika atambulike kwa kivuli tu. Ila kuna mawili itabidi ayajifunze upya. Mchora vibonzo hunyoosha au kufinya kisanduku apendavyo, kumbe skrini haibadiliki umbo, mara nyingi ni 16 kwa 9, tangu mwanzo hadi mwisho, na kila kitu lazima kipate nafasi humo. La pili ni muda. Msomaji wa Sani hufungua ukurasa unaofuata akitaka. Mtazamaji wa filamu hana ruhusa hiyo, ameukabidhi muda wake kwa mtu mwingine, na wa kwanza kuupokea ni mchora storibodi. Ni dhamana kubwa. Wanaoielewa hujifunza kuhesabu sekunde kwa kuigiza wenyewe, wamesimama katikati ya chumba na saa mkononi, wakiinuka na kuketi kama mhusika.

Vifaa havimzuii mtu. Penseli na karatasi yenye visanduku vilivyopigwa kwa rula vinatosha mwaka mzima wa mazoezi, na Blender, programu ya bure, inachora na kupanga animatiki kwenye kompyuta ya kawaida. Kijana wa Sumbawanga akitaka zoezi gumu namshauri aache kwanza magari yanayofukuzana achore mafundi wa chuma wa Ufipa.

Matanuru yao, malungu, yalikuwa na urefu wa karibu mita 3, yamejengwa kwa udongo, na yalichoma bila mivuo: hewa ilijivuta yenyewe kupitia matundu yaliyozunguka kitako. Baadhi bado yamesimama mbugani. Chuma kilichotoka humo kilisafishwa tena katika matanuru madogo, vintengwe, hayo yakipulizwa kwa mivuo, ndipo kikaenda kwa mhunzi kuwa jembe au shoka. Palikuwa na dawa, miiko, na heshima ambazo tanuru lilipewa kama bibi harusi. Sasa mchoraji ana hewa isiyoonekana, joto lisilochoreka, na moto unaowaka saa nyingi huku watu wakingoja. Hewa ataionyesha kwa cheche zinazoingia ndani ya tundu badala ya kutoka. Muda atauonyesha kwa kuiacha kamera mahali pale pale kwa visanduku vinne: lundo la mkaa likipungua, mwanga ukihama, mmoja wa wangojeaji akiwa amelala. Kimo cha tanuru asikionyeshe mapema. Aanze chini, kwenye matundu, apande polepole na ukuta wa udongo, na pale juu kabisa, ambapo tumeshadhani tumefika mwisho, amweke mtu kwenye ngazi akimwaga kapu la mawe ya chuma mdomoni mwa tanuru. Kisha aangalie kama kwenye kisanduku kilichotangulia alikumbuka kuichora ngazi.